Hakufika

"Koplo, kaa chini bwana, unanitia kizunguzungu," wakili alisema.

"Nikikaa nasinzia. Wewe endelea tu."

Koplo alistaafu upolisi akiwa koplo, hakupanda wala hakushuka, na cheo kikageuka jina. Siku hizi mawakili walimkodi kuwafanyia upelelezi, na ugonjwa wake ulikuwa ule ule wa zamani: hajui kutulia. Aliizunguka ile ofisi, mara dirishani, mara kwenye kabati la majalada, akigusa hiki na kuacha kile, huku wakili akimweleza.

Kesi yenyewe haikuwa ya damu. Hakuna maiti, hakuna bunduki. Kila mwaka serikali huchagua watu wa kusomea ualimu kwa gharama yake. Mwombaji hufanya kwanza mtihani wa kuandika, kisha huitwa kwenye usaili wa vitendo: anapewa darasa, watoto wa kweli, anawafundisha, na jopo linakaa nyuma kabisa linamtazama. Mteja wa wakili aliufaulu mtihani wa kuandika. Alipokwenda kuangalia matokeo ya vitendo, mbele ya jina lake hakukuta alama. Alikuta neno moja tu, hakufika.

"Wangesema hakufaulu, ningelala usingizi," wakili alisema. "Aliyeshindwa anakata rufaa, anarudia. Lakini asiyefika, kanuni zinasema hana chake. Nafasi inakwenda kwa mwingine. Mahakama imezuia chuo kisifunguliwe mpaka shauri lisikilizwe, na linasikilizwa kesho asubuhi. Tukishindwa kesho, basi. Mwezi ujao anavuka umri wa kupokelewa."

"Na alifika?" Koplo aliuliza, akimgeukia mteja.

Mteja alikuwa amekaa kwenye kiti cha ukutani, mwanamke mpole wa miaka thelathini na kitu, mwalimu wa kujitolea katika shule ya mtaani kwao. Alifungua mdomo. Jibu likatoka kwenye kiti cha pili.

"Alifika! Tena alifika mapema, mlango wenyewe haujafunguliwa!"

Huyo alikuwa dada yake mkubwa, mwalimu wa kuajiriwa. Sauti yake ilikuwa ya kufika hadi dawati la mwisho hata bila kupandishwa. Walifanana nyuso, ila dada alionekana kama mdogo wake aliyepigwa pasi.

"Alifundisha nini?"

"Sehemu," dada alisema. "Nusu, robo, thumni. Somo gumu hilo, watu wengi wanalikimbia. Yeye akachukua karatasi, akaikunja nusu. Akauliza, 'Tuna vipande vingapi?' Akaikunja tena. Watoto wakawa wanasimama wenyewe wanataka kukunja! Lete kalamu nikuonyeshe." Akampokonya wakili kalamu, akachora ile karatasi na mikunjo yake kwa mkono wa kushoto, haraka haraka, macho yakimng'aa. "Halafu waje waseme hakufika! Somo zuri vile, kama halikuwahi kufundishwa! Haiwezekani, wallahi."

"Mteja wako ana bahati ya kuwa na msemaji," Koplo alimwambia wakili.

Mteja alicheka kidogo, akiangalia chini. Alipopewa karatasi ya kumruhusu Koplo kuuliza kwa niaba yake, alitia saini polepole kwa mkono wa kulia, akasema asante. Ndilo neno pekee alilosema mchana ule wote.

Getini kwa chuo Koplo alikuta kero tupu. Waliochaguliwa walikuwa wamekuja na masanduku yao na magodoro, amri ya mahakama ikawakuta njiani, na sasa walikuwa wamejazana nje ya uzio hawajui warudi au wangoje. Walipomwona ameshika picha ya mteja wakamzingira.

"Wewe ndiye wa huyo mwanamke? Mwambie ametukalia kooni!"

"Nimeacha kazi mimi! Nikirudi nitapokelewa na nani?"

"Hakufika, hakufika! Si akubali?"

Koplo alijipenyeza mpaka kwenye kibanda cha mlinzi. Aliiweka ile picha mezani, akaigonga kwa kidole.

"Siku ya usaili huyu alipita hapa?"

Mlinzi aliiinamia picha, akaisogeza mbali, akairudisha karibu. "Alipita. Namkumbuka vizuri. Alinigombeza bwana wee! Eti kwa nini geti bado limefungwa na saa imefika, eti mimi ndiye nawafelisha watu. Nikamfungulia mbio."

"Kesho uko tayari kuyasema hayo mbele ya hakimu?"

"Niseme vipi sasa, na mkuu wa chuo ananiona?"

"Sema ulichokiona. Hakuna wa kukufukuza kwa kusema kweli mbele ya hakimu."

Mlinzi aliguna, akakubali shingo upande. Koplo alitoka pale anatembea kama kijana. Shahidi amepatikana, tena mapema hivi! Ingebidi ajiulize kidogo yule mpole wa ofisini aliwezaje kumgombeza mlinzi, lakini furaha haina maswali, na yeye miguu yake ilikwisha kumwasha kuelekea kwa katibu wa jopo.

Katibu alikuwa mtu mwenye shati lililofungwa vifungo mpaka kooni, na ofisi yake ilinuka wino na dawa ya mbu. Hakumkaribisha kiti, jambo ambalo Koplo hakulijali.

"Hakufika," katibu alisema kabla ya kuulizwa.

"Nafasi yake amepewa nani?"

"Aliyefuata kwa alama."

"Ambaye ni?"

Katibu alipiga meza kiganja. "Ni binti wa shemeji yangu! Haya, umefurahi? Kila mtu anakuja hapa na pua ndefu kunusa hilo. Binti yule amefundisha mbele ya watu watatu, kila mtu akatoa alama zake peke yake, na mimi kwa sababu ya undugu nilitoka nje asije mtu kama wewe akasema. Andika hivyo. Andika na saa."

Koplo hakuandika. Alikuwa amekuja na harufu ya rushwa puani, na mtu huyu alikuwa anafoka kama mtu msafi anayesingiziwa. Akabadili njia.

"Wewe ndiye uliyeita majina mlangoni?"

"Mimi."

"Jina la mteja wangu uliliita?"

"Niliita."

"Mtu akaitika?"

Hapo katibu alivuta glasi ya maji, akanywa, akaiweka, akaivuta tena. Hasira yote ilikuwa imemwisha.

"Nimekuuliza, mtu aliitika?"

"Kamwulize mwenyekiti," katibu alisema, akitazama dirishani. "Mimi nilitaka tufanye mambo kwa utaratibu. Yeye ndiye aliyesema. Kamwulize yeye."

Mwenyekiti wa jopo alikuwa mkufunzi mstaafu aliyekaa chuoni pale miaka mingi kuliko miti ya uwanjani, na wanafunzi wake wa zamani walimwita Mama Chaki. Koplo alimkuta nyumbani kwake jioni ile jua halijazama, amekaa kibarazani na miguu imevimba juu ya kigoda. Alikuwa mwembamba, ngozi imelegea ya mtu aliyewahi kuwa mnene, lakini macho yake yalimshika Koplo tangu anafungua geti, mpaka akajikuta anaweka shati vizuri.

"Shikamoo, mwalimu."

"Marahaba. Sema."

"Nimekuja kuhusu kesi yenye inaendelea mahakamani."

"Inayoendelea."

"Naam?"

"Kesi inayoendelea. 'Yenye' ni ya kumiliki. Nyumba yenye bati, mtu yenye... unaona? Hata wewe umecheka. Endelea."

Koplo akakohoa. "Nilikuwa naomba nikuulize..."

"Ulikuwa unaomba. Sasa huombi tena?"

"Naomba," Koplo alisema.

"Uliza."

Akauliza. Je, mteja wake alikuja siku ile? Hakufika. Kuna mtu aliyemwona getini? Huyo wa getini aulizwe ya getini. Kwa nini katibu alikimbilia glasi ya maji? Ana mafua. Kila swali lilirudi limefungwa fundo. Koplo alikaa, akasimama, akaenda kwenye ukingo wa baraza akarudi. Mama huyu angeweza kumhoji yeye, si yeye kumhoji mama. Alianza kukata tamaa. Kisha akakumbuka "yenye" na "nilikuwa naomba", na moyo wake ukaruka. Mtu aliyefundisha maisha yake yote ana kitu kimoja asichokiweza: kusikia kosa likapita.

Alijikuna kichwa, akajifanya mjinga, kazi ambayo hakulipia ada kuijua.

"Haya, mama, labda mteja wangu ananidanganya. Maana hata hadithi yake haijanikaa. Anasema alifundisha desimali, akakata machungwa mbele ya watoto..."

"Sehemu," Mama Chaki alisema. "Na hakukata kitu chochote, alikunja karat..."

Kuku alipita uani akidonoa. Koplo alijisikia furaha ya kitoto, akaogopa hata kupumua asije akaiharibu.

"Kumbe alifika," alisema taratibu.

Mama Chaki alimtazama, halafu akafanya kitu ambacho Koplo hakukitegemea. Alicheka. "Umenishika kama nilivyokuwa nawashika wanafunzi wangu. Vizuri. Lakini umekosea jibu. Hakufika."

"Mama, umesema sasa hivi alikunja karatasi!"

"Aliyekunja karatasi, ndiyo. Sijasema ni mteja wako. Kaa chini, unanikanyagia maua."

Koplo akakaa.

"Mtu asiyesomea ualimu, ukimpa chaki mpya, anaandika nayo hivyo hivyo, inalia kwii, watoto wanaziba masikio. Yule aliivunja katikati kwanza. Nikajiambia, huyu amefundishwa. Halafu akaandika kwa mkono wa kushoto. Anayeandika kwa kushoto mkono wake unaficha maneno, watoto hawaoni kitu. Kuna namna ya kusimama: unakwenda upande wa kulia wa ubao, unageuza bega, unaandika huku unawatazama watoto. Namna hiyo niliibuni mimi, kwa mwanafunzi mmoja aliyekuwa analia kila siku kwamba ualimu umemshinda kwa ajili ya mkono wake. Tulikaa naye darasani jioni nyingi mpaka akaweza. Uso wake nilikuwa nimeusahau, nimefundisha watu wengi mno. Na yeye hakunijua, maana alinijua nikiwa mtu wa kilo za watu wawili, kabla ya maradhi. Lakini bega lile ningelijua popote."

Koplo aliona tena ofisi ya wakili. Dada akichora kwa kushoto, macho yanang'aa. Mteja akitia saini kwa kulia, kimya. Mlinzi akigombezwa getini. Jamani! Mtu mzima na akili zake, alikuwa ameyaona yote yamepangwa mbele yake akapita juu yake kama juu ya mkeka.

"Ni dada yake," alisema.

"Kujifanya mwingine kwenye usaili wa serikali ni jinai. Dada angefukuzwa kazi, wote wawili wangelala ndani. Mwenzangu mmoja alitaka tuite polisi pale pale. Nikakataa. Nikasema, jina lililoitwa, mwenye jina hakufika. Andikeni hivyo, na hakuna uongo ndani yake. Nilijua watakasirika kidogo wanyamaze. Sikujua watanipeleka mahakamani!"

"Na kesho?"

"Kesho nimeitwa. Kesho nitaapishwa, na nikishaapa sidanganyi, sijui na sitaki kujifunza uzeeni. Wakili wako akimleta mlinzi aseme kuna mtu aliingia, lazima ataniuliza huyo aliyeingia ni nani. Nitamjibu."

Koplo alishuka kibarazani bila kuaga vizuri. Shahidi aliyejivunia mchana kutwa ndiye atakayemfunga dada wa mteja wake, na ni yeye mwenyewe aliyemtafuta. Hakupata usingizi.

Asubuhi ukumbi wa nje wa mahakama ulikuwa umefurika wale wa masanduku, wanabishana na karani kama vile yeye ndiye aliyewafungia chuo. Mlinzi alikuwa amejibanza pembeni na shati lake la Jumapili. Mama Chaki alikuwa ameketi mbali, anatazama ukuta. Dada alimpita bila kumjua, akimvuta mdogo wake mkono.

"Simama wima," alikuwa akimwambia. "Wakikuuliza, sema ulikunja karatasi. Nusu, robo, thumni. Rahisi."

Koplo aliomba mteja akatie saini moja iliyosahaulika, akampeleka nyuma ya ngazi palipowekwa mafagio.

"Nani alikunja karatasi, mwalimu?"

"Mimi."

"Kwa mkono gani?"

Mteja aliitazama mikono yake.

"Mara mbili nilikwenda mwenyewe," alisema. "Miaka ya nyuma. Mtihani nafaulu, nikisimama mbele ya wale watu wazima wananitazama, mate yananikauka, nasahau hata nilichokuja kufundisha. Lakini nikiwa na watoto peke yetu, mzee, mimi ni moto. Kawaulize. Dada akasema safari hii haiwezi kupotea. Akasema nikishaingia chuoni yatakwisha. Nikakubali. Kesi sikuitaka. Ni yeye. Alisema somo lile halizikwi hivi hivi."

Koplo alimweleza yote, kwa maneno machache, maana karani alikuwa ameanza kuita kesi. Mteja alisikiliza bila kumkatiza.

"Nikiondoa kesi, dada ataguswa?"

"Mama yule asipoapishwa hana la kusema. Katibu hana hamu. Na mimi nilikodiwa na kesi. Kesi ikifa, sina wa kumpelekea jibu."

"Na nafasi yangu?"

Koplo alitafuta neno laini, hakulipata. "Imekwenda, mwalimu. Na mwakani umri hautakuruhusu. Unajua."

"Najua." Alijifuta uso kwa ncha ya mtandio. "Dada asijue kwamba alitambuliwa."

"Kwa nini? Ajue umemfanyia nini!"

"Humjui dada yangu. Akisikia kuna mtu analikumbuka somo lake, ataingia mle ndani mwenyewe aulize alipata alama ngapi."

Koplo alitaka kucheka na kulia kwa pamoja. Mteja alikwisha ondoka, anamwendea wakili.

"Kuondoa shauri?" Wakili alipiga yowe mpaka karani akageuka. "Mlinzi huyu hapa! Tumeshashinda! Koplo, umemwambia nini huyu?"

"Mteja amesema," Koplo alijibu. "Fanya alivyosema."

Ilichukua muda mfupi kuliko kufunga viatu. Hakimu aliuliza kama mlalamikaji anaondoa shauri kwa hiari yake. Mlalamikaji alisema ndiyo, kwa sauti ndogo. Zuio likafutwa. Nje wale wa masanduku walilipuka kwa vigelegele, wakakimbilia barabarani, mmoja anaburuta godoro, mwingine anampigia mama yake simu akilia kwa furaha. Mama Chaki aliinuka kwa shida, akapita karibu nao, asimwangalie mtu.

Dada alimkuta mdogo wake kwenye ngazi.

"Umefanya nini?"

"Nimechoka, dada."

"Umechoka! Mimi ndiye ninayehangaika, wewe ndiye unayechoka! Toka tukiwa watoto uko hivi hivi, jambo likipamba moto wewe mbio. Mwoga! Nafasi yako wameichukua mchana kweupe na wewe unawashikia mlango. Watu wamesimamia shauri lako, mimi nimeomba ruhusa kazini kwa ajili yako, unanirudisha na aibu hii? Usinipigie simu. Usije kwangu. Nimemaliza na wewe."

Koplo alifungua mdomo. Mteja alimtazama mara moja, na Koplo akaufunga.

"Nenda kazini, dada," mteja alisema. "Watoto wanakungoja."

Dada alifyonya, akaweka mkoba begani, akashuka ngazi akiwasukuma wenye masanduku. Alitembea haraka kama mwalimu aliyechelewa kipindi, hakugeuka nyuma hata mara moja. Mteja alimsindikiza kwa macho mpaka alipokata kona ya barabara ya shule.

Kisha akamgeukia Koplo.

"Mzee, hapa kuna mahali mtu anaweza kukaa akalia bila kutazamwa?"